Pakiti za Kinaai

Mshale wa mizani ulicheza, ukayumba, kisha ukatulia palepale ulipokuwa wiki iliyopita. Nesi Teretia aliinama kuutazama kwa karibu, kana kwamba kasoro ilikuwa ya macho yake, akakigonga kioo kwa kidole, na mshale haukujali. Ndani ya suruali ya turubai iliyotundikwa kwenye boriti ya zahanati alining'inia Kinaai, mtoto wa kike aliyepita mwaka mmoja na nusu na ambaye bado hakuwa na nguvu ya kusimama bila kushikwa. Nywele zake zilikuwa zimeingia rangi ya kutu.

"Palepale," nesi alisema. "Hebu niambie, mama Kinaai. Zile pakiti unampa nani?"

"Nampa mtoto, nesi," alijibu Rereao.

"Mtoto yupi? Maana huyu hazijamfikia."

Wanawake waliokaa kwenye benchi walicheka, si kwa ubaya, bali kwa sababu kucheka kunapunguza joto na kungoja. Rereao aliinamisha uso, akamtoa mwanawe kwenye suruali ile na kumrudisha kiunoni. Angeweza kumjibu nesi kwa sentensi moja tu, nayo ingekuwa ya kweli tupu. Lakini sentensi hiyo ingelibeba jina la mama mkwe wake na la wifi yake, ikayalaza kwenye benchi la zahanati mbele ya nusu ya wanawake wa kisiwa chetu cha Betio, na mke aliyeletwa kutoka kisiwa kingine hafanyi hivyo. 

"Sikiliza," nesi aliendelea, sasa kwa sauti ya chini kidogo. "Hii siagi ya karanga ni dawa. Nimeletewa habari kwamba kuna mtu aliiweka dau kwenye bingo. Bingo, mama Kinaai. Sijasema ni wewe. Lakini nina watoto wanaongoja nafasi, na wakubwa wangu wameniambia mtoto asiyeongezeka atolewe, apewe mwingine. Wiki ijayo nikikuta mshale hapahapa, nitamtoa. Sitapenda, lakini nitamtoa."

Akampa pakiti za wiki, zinazong'aa kama samaki waliotoka majini sasa hivi, na Rereao akazipanga kwenye kikapu chake cha majani ya mkadi, akazifunika kwa kanga ya mtoto. Kuzifunika kulikuwa kazi bure. Betio nzima ilijua kilichomo ndani ya kikapu kinachotoka zahanati siku ya mizani.

Nyumba aliyoirudia haikuwa nyumba kwa maana ya kuta. Ilikuwa ua wa mchanga wenye madungu matatu ya kulalia, yaliyoezekwa makuti na wazi pande zote, jiko la bati, kisima, na choo kilichochimbwa karibu na kisima hicho kuliko akili yoyote inavyoruhusu. Ardhi yetu ni nyembamba hivi kwamba ukisimama katikati unasikia bahari mbili, na kwenye wembamba huo wameshindiliwa watu waliotoka visiwa vyote kufuata ajira ambayo haipo. Maji ya kisima yana chumvi na yana mengine ambayo sitayataja mezani. Kila kiongozi anayekuja kuomba kura huyaonja kwa adabu, hukunja uso, huahidi bomba, na huondoka. Watoto hubaki wakiyanywa, na matumbo yao huyatema pamoja na kile kidogo walichokula.

Ua huo ulikuwa wa Nei Makurita, mama wa Ioteba, mume wa Rereao. Ioteba mwenyewe alikuwa New Zealand akichuma matunda ya watu. Rereao alitoka Onotoa, kisiwa cha kusini chenye ukame, na siku alipoletwa hapa alikuwa na mkeka mmoja na nguo zilizo mwilini. Vitu vingine vyote alivyowahi kuvishika Betio alivipata kwa njia yetu ya kawaida: aliviomba. Chandarua alichojifungulia ndani yake aliomba kwa jirani. Sufuria aliomba kwa binamu ya mumewe. Kwetu mtu akija, akakaa, akasema nakuomba, na akakitaja kitu, basi kitu hicho kimekwisha kuwa chake, na kilichobaki ni wewe kunyoosha mkono. Anayekataa hapigwi wala hashitakiwi. Husemwa. Husemwa yeye, husemwa wanawe, na wajukuu wake wakitaka kuoa husemwa tena.

Na iandikwe kwa haki: desturi hii ndiyo iliyotuhifadhi hai juu ya mchanga usioota hata harage. Mwenye samaki leo alimpa asiye na samaki, akijua kesho mikono itabadilishana. Lakini walioiweka walikuwa watu wazima, kila mmoja akiwa na kinywa cha kuombea. Hawakumfikiria yule ambaye kinywa chake hakijajua maneno. Katika ua mzima wa Nei Makurita, Kinaai alikuwa mtu pekee mwenye kitu kinachotamaniwa, na mtu pekee asiyeweza kwenda kukiomba kirudi.

Rereao alikuwa bado hajaketi, mama mkwe wake alipomwita kutoka kwenye dungu kubwa.

"Mkwe wangu, umerudi? Mizani imesemaje kuhusu mjukuu wangu?"

"Yuko palepale, mama."

"Ana mifupa ya babu yake. Mzee yule alikuwa mwembamba kama wavu, na akaishi mpaka akatuchosha." Nei Makurita alimpokea Kinaai, akamnusa shingoni, akamkalisha kwenye paja lake nene. Kisha, bila kubadilisha sauti, akasema, "Nakuomba kile cha karanga. Mchungaji anakuja kunywa chai, na sina cha kupaka kwenye mkate."

"Nesi amesema ni dawa, mama."

"Dawa tamu hivyo? Basi niacheni na mimi niumwe."

Alicheka mpaka kifua kikatikisika, na Kinaai aliyekuwa pajani pake akatikisika pia. Rereao alinyoosha mkono. Nei Makurita hakuwa mwanamke mbaya, na hilo ndilo lililomfunga Rereao. Samaki akipikwa, mama huyu ndiye aliyemchagulia Rereao nyama ya shavu, ile iliyo laini kuliko zote, akamwekea kwa mkono wake. Ungemchukia kwa lipi?

Kisha akaja wifi yake, Tiinia, akiwa na mwanawe wa mwisho, Tebano, ubavuni.

"Wifi, nakuomba mbili. Usinitazame hivyo, mimi si mchungaji, sina mkate, nitawapa hivihivi. Wanangu wamekaa pale wanakutazama tangu ulipoingia. Utakula macho yao?"

"Ni za Kinaai, wifi."

"Kwani nimesema ni za nani? Za Kinaai. Ndiyo maana nakuomba wewe, sijamwomba yeye."

Watoto wa Tiinia nao walikuwa wafupi. Mkubwa wao alikuwa darasani pamoja na watoto wanaomzidi kichwa kizima, na hakuna aliyeliona hilo, kwa sababu katika mtaa ule ufupi ulikuwa umekwisha kuwa umbo la watoto. Waliamka na chai yenye sukari nyingi, wakashinda na wali mweupe au tambi za pakiti, na samaki walimwona siku alipopatikana. Lakini walikuwa juu kidogo ya ule mstari wa utapiamlo uliochorwa na ofisi fulani iliyo mbali, na ofisi hiyo ilikwisha kuamua kwamba katika ua wenye vinywa tisa chakula kitapelekwa kwa kinywa kimoja, na vingine vinane vikae kando vikitazama kwa utulivu. Walioamua hivyo wana elimu. Sijui elimu hiyo waliipata wakiwa wamelala njaa na nani.

Jirani wa upande wa barabara akaomba moja kwa ajili ya bibi yake asiye na meno. Binamu aliyepita na baiskeli akaomba moja, kwa kuwa alikuwa amepita. Katikati ya wiki kikapu kilikuwa kitupu, na Kinaai alirudia uji wa wali mwembamba kama maji yaliyooshewa chungu.

Rereao alijaribu kuficha. Lakini utaficha wapi katika dungu lisilo na ukuta? Alizichomeka kwenye makuti ya paa. Asubuhi Tiinia akaangalia juu na kusema kwamba panya wa huku wameanza kula vitu vya kung'aa. Alimchukua mtoto wakati wa kupwa, akaenda naye nyuma ya ukuta wa bahari amlishe huko, na mwanamke aliyekuwa akichimbua kombe mchangani akainua kichwa, akatabasamu na kutoa salamu ya kwetu, "Mauri, dada. Nakuomba kidogo." Kusema sina ilhali anayo kungekuwa uongo mbele ya Mungu. Kusema sikupi kulikuwa jambo ambalo ulimi wake haukuwahi kufundishwa.

Ndipo likamjia wazo, na kwa kuwa lilimjia katika kukata tamaa alilikumbatia bila kulipindua. Kuna kitu kimoja ambacho mtu mwenye heshima haombi kwetu: chakula kilichokwisha kuguswa na mdomo wa mtoto. Kile ni cha mtoto, kimekwisha kuwa sehemu ya mate yake, na mtu mzima akikitaka atachekwa. Wiki iliyofuata mshale wa mizani ulisogea kwa unywele, na nesi, ambaye moyo wake ulikuwa mlaini kuliko maneno yake, aliuita unywele ule maendeleo na kumpa Kinaai wiki moja zaidi. Rereao hakwenda moja kwa moja nyumbani. Alikaa kwenye kivuli cha ukuta wa kanisa, akazikata pakiti zote pembe, moja baada ya nyingine, akamtia Kinaai kila moja mdomoni anyonye mara moja, kisha akazikunja na kuzifunga kwa uzi wa mkadi.

Aliingia uani akiwa ameinua kichwa. Nei Makurita alikuwa akimsubiri.

"Mkwe wangu, nakuomba—" Mkono wake ulikuwa umekwisha kufika kwenye kikapu. Ulisimama. "Umezifungua zote?"

"Kinaai amezionja, mama."

"Zote?"

"Zote, mama."

Mama mkwe aliurudisha mkono wake pajani na kumtazama Rereao kwa muda mrefu, kama mtu anayeangalia mashua yenye tobo asilokuwa amelijua. "Wana wa Onotoa mna akili," alisema hatimaye, na haikuwa sifa.

Siku chache Rereao alikuwa mtu tajiri. Kinaai alikula, akalala, akaamka akataka tena. Siku ya tatu alishika nguzo ya dungu na kujiinua nusu, magoti yakitetemeka, na Rereao akageuza uso ili asionekane akilia kwa jambo dogo namna hiyo. Lakini jua letu halisubiri. Siagi iliyofunguliwa ilitoa mafuta, mafuta yakavuta sisimizi, na watoto wa Tiinia, ambao hawafungwi na heshima ya watu wazima, walifungua nyuzi na kuchovya vidole vilivyotoka mchangani. Rereao alipangusa sisimizi na kumpa mwanawe. Angefanya nini? Kutupa pakiti kungekuwa kumtupa mtoto.

Tumbo la Kinaai lilianza kuharisha alfajiri, na kufikia jua la utosi macho yake yalikuwa yamezama.

"Nani alikufundisha kufungua zote?" Nesi Teretia aliuliza, huku akimnywesha mtoto maji ya chumvi na sukari kwa kijiko. Alikuwa amezungusha kwenye mkono wa Kinaai utepe wa rangi wa kupimia wembamba wa mtoto, na utepe ulikuwa umeingia kwenye nyekundu, rangi ya hatari. "Nijibu. Pakiti hufunguliwa ikiliwa. Nilikwambia. Mtoto mwenye ngozi na mifupa, unamlisha uchafu?"

Rereao aliikunja mikono yake mapajani.

Nesi aliiangalia mikono hiyo, akaangalia uzi wa mkadi uliofungwa kwa uangalifu kwenye pakiti moja iliyobaki, na yeye, aliyezaliwa kisiwani humuhumu, akaelewa. Aliondoka akafunga mlango wa chumba, akarudi akaketi.

"Nani anaomba?"

"Nyumbani tuko wengi, nesi."

"Najua mko wengi. Mimi leo nimekuja kazini na viatu vya dada yangu. Vyangu viliombwa jana nikiwa nimevivaa." Hakucheka. "Sikiliza, mama Kinaai. Nitakupa tena, na hii naiandika kwa jina langu. Wakiuliza, nitaulizwa mimi. Lakini zifungwe mpaka wakati wa kula. Na ukiombwa, ukatae."

"Nikatae vipi?"

"Kwa mdomo."

"Wewe umewahi, nesi?"

Nesi Teretia alisimama na kuanza kuikunja ile suruali ya turubai ambayo ilikuwa imekwisha kukunjwa.

Alipofika uani mchana ule akiwa na Kinaai mgongoni na kikapu mkononi, Rereao alikuta mkeka mpya umetandikwa kwenye dungu kubwa. Nei Makurita alikuwa ameketi katikati, mchungaji kuliani kwake, wazee wawili wa ukoo wa mumewe kushotoni, na Tiinia akimimina chai. Rereao aliketi pembeni, miguu imekunjwa, kama impasavyo mke wa kijana.

"Mwanangu," Nei Makurita alianza, na sauti yake ilikuwa nzito kwa huruma ya kweli. "Mtoto huyu anakufa mikononi mwetu. Betio inamuua. Maji yanamuua, na hizo karanga za wageni zimemwendesha tumbo, sote tumeona. Nina dada yangu kisiwani Nonouti. Kule kisima ni kitamu, samaki anavuliwa asubuhi analiwa asubuhi, na kila jioni watu wanagema tembo tamu la mnazi, bado halijachacha. Meli inaondoka kesho. Nakuomba Kinaai."

Hakuna aliyeshtuka. Mtoto kuombwa na bibi si jambo geni kwetu. Rereao mwenyewe aliombwa na nyanya yake na kulelewa naye, na alipendwa. Mchungaji alitikisa kichwa kwa kuafiki. Mzee mmoja akanyoosha kikombe kuomba chai zaidi.

"Bado anaharisha, mama," alisema Rereao. "Nesi amesema arudishwe kila siku."

"Nonouti watamtunza."

"Kule hakuna hizi pakiti."

"Watampa chakula cha watu. Mimi nimelelewa nini? Na wewe bado kijana, Ioteba akirudi mtapata wengine mpaka mwombe wapungue."

Wazee walicheka kidogo. Rereao aliomba ruhusa ampigie mumewe, akaruhusiwa, akaenda kusimama karibu na kisima na simu ya Tiinia. Ioteba alipopokea, nyuma yake kulisikika watu wakiitana kwenye miti. Alimweleza yote kwa haraka: utepe mwekundu, meli ya kesho, sitaha iliyo wazi, siku kadhaa baharini na mtoto anayeharisha.

"Mama ameomba?" Ioteba aliuliza.

"Ameomba. Mbele ya mchungaji."

"Basi ameshaomba."

"Ioteba, ni mtoto wako."

"Nikiwa huku, mama ndiye mimi. Unataka nifanyeje, Rereao? Nimkatalie mama kwa simu, watu wakisikia?"

"Nataka useme neno moja."

"Naitwa," alisema, na pengine alikuwa anaitwa kweli. Simu ikakatika.

Rereao alibaki pale kisimani. Upande wa mbele palikuwa na mkeka na watu waliomlisha. Nyuma palikuwa na ukuta wa bahari, na baada yake bahari. Onotoa ilikuwa mbali, na hata angefika huko na mtoto aliyemnyima mama mkwe, nani angemtandikia? Nyanya aliyemlea angekuwa wa kwanza kuona haya. Aliupitia kila mlango kwa mawazo, na kila mlango ulikuwa na mtu aliyemtendea wema amekaa kizingitini. Mgongoni alihisi Kinaai akipumua, pumzi fupi za juujuu, na joto la mwili usio na uzito wa kutosha kuukaza mkanda wa nguo uliombeba.

Hapa ndipo ninapowauliza wazee wa ukumbi wetu wa mikutano, ambao wanaweza kujadili mwezi mzima ni ukoo gani ukae chini ya boriti gani. Ni nini kingewagharimu kukaa mchana mmoja na kutamka kwamba chakula cha mtoto mgonjwa hakiombwi, na mtoto mgonjwa haombwi? Neno lao lingemwondolea mwanamke mmoja mzigo ambao haukuwa wake. Hawakulitamka. Waliliacha litamkwe na msichana wa Onotoa, peke yake, akiwa amesimama jua kali.

Alirudi kwenye mkeka. Hakuketi, na kutokuketi huko pekee kulitosha kuwanyamazisha.

"Simtoi, mama."

Mkono wa Tiinia ulisimama na birika hewani.

"Umesemaje?" aliuliza Nei Makurita, si kwa ukali. Aliuliza kama mtu asiyesikia vizuri.

"Nimesema Kinaai simtoi. Na pakiti pia. Sitatoa hata moja mpaka apone." Sauti yake ilikuwa nyembamba na hakuitambua. "Naomba unisamehe."

Mchungaji alikodolea macho chai yake. Mzee aliyecheka mwanzo alianza kukohoa, akaona kikohozi hakifai, akakiacha.

"Hilo nalo ni ombi?" Nei Makurita aliuliza.

"Ndiyo, mama."

"Basi nimekupa. Nimekusamehe. Siwezi kukunyima, mimi ukiniomba natoa." Alinyanyuka taratibu, akishika nguzo, na kwa mara ya kwanza Rereao aliona jinsi alivyozeeka. "Mchungaji, chai yako inapoa."

Hawakumfukuza. Hakuna aliyeinua sauti siku ile wala zilizofuata. Dungu lake aliachiwa, na chakula kikiiva sahani yake iliwekwa mwisho wa mkeka, safi, imefunikwa, na vipande vya samaki vilivyomo vilikuwa vya haki, lakini havikuwa vya shavu. Hakuna aliyemwomba pakiti. Hakuna aliyemwomba sindano, wala kibiriti, wala amshikie mtoto, wala asogee. Jirani wa upande wa barabara alimwamkia Mauri na kupita. Yeye naye, alipoishiwa sabuni, alifika hadi kwenye uzio wa jirani huyo na kusimama pale, akajiona hana neno la kuanzia, akarudi kufua kwa maji matupu. Habari ilikwisha kufika zahanati kabla yake. Kwenye benchi wanawake walimpisha nafasi, nafasi kubwa kuliko anayohitaji mwanamke na mtoto.

Kinaai alikula. Kila pakiti ilifunguliwa wakati wake na kukamuliwa hadi mwisho. Maji ya kunywa Rereao aliyachemsha kwenye kopo, kwa kuni alizookota mwenyewe ufukweni. Tumbo lilitulia. Utepe ulitoka kwenye nyekundu ukaingia kwenye njano, na siku ya mizani mshale ulipanda kiasi ambacho nesi hakuhitaji kukigonga kioo.

"Umeona sasa?" Nesi Teretia alisema, akitabasamu mpaka fizi. "Si nilikwambia? Ilikuwa kukataa tu."

"Ndiyo, nesi."

"Mbona hufurahi?"

"Nimefurahi," alisema Rereao, na ilikuwa kweli, kadiri ilivyoweza kuwa.

Alipoingia uani na kikapu chake kisichofunikwa, Tiinia alikuwa akifagia mchanga, Tebano amekaa kwenye kivuli cha jiko. Rereao alimtazama mtoto yule. Mara ya mwisho alipomtazama vizuri alikuwa na mashavu. Sasa nywele za kisogoni zilikuwa zimeanza kukwajuka, na ngozi ya mapaja ilikuwa na mikunjo ya nguo iliyomzidi mwenyewe. Rereao alipunguza mwendo. Alijikuta anangoja asikie neno lile alilolikimbia kwa wiki nyingi. Angeombwa moja, angetoa. Kinaai sasa alikuwa na ya ziada. Lakini kumpa mtu ambaye hajakuomba, baada ya kumkatalia mama yake mbele ya mchungaji, kungekuwa kumtemea mate.

"Wifi," alisema. "Mpeleke Tebano akapimwe. Nesi yupo mpaka alasiri."

Tiinia hakuinua uso. Macho yake yaligusa kikapu, yakaondoka.

"Sijakuomba kitu, wifi," alijibu kwa upole.

Akaendelea kufagia. Alipofika aliposimama Rereao aliuinua ufagio, akauzungusha mbali na miguu yake ili vumbi lisimrukie, kama afanyiwavyo mgeni.